Draiva ya mtandao ikikataa: waya wa simu, flashi, kle ya Wi-Fi au kuformati upya?

Wanafunzi wanapokaribia kuweka TFC zao, ile kazi ya kumalizia masomo, kibanda changu cha kuchapa na kupiga fotokopi, hapa Bukavu si mbali na chuo cha ualimu cha ISP, hugeuka zahanati ya mashini. Juzi aliingia binti mmoja amekumbatia laptopu kama mtoto mwenye homa.

"Papa, Wi-Fi imepotea kabisa. Binamu yangu aliformati mashini Jumamosi. Word inafunguka, filamu inacheza, lakini intaneti hapana."

TFC yenyewe ilikuwa ndani ya Gmail. Kabla ya kufika kwangu alikuwa ameuliza watu watatu. Mmoja alimwambia anunue kle ya Wi-Fi, kale kadude ka USB kanakofanana na flashi fupi. Wa pili alisema Windows haikuingia vizuri, aformati tena. Wa tatu alimshauri aende kwa rafiki mwenye intaneti, apakue draiva, ile programu ndogo inayoiwezesha Windows kuongea na kifaa, na kuileta kwa flashi. Kila mmoja wao angeweza kuwa sahihi, ila kwa mashini nyingine. Hakuna aliyemtajia njia ya nne, ingawa alikuwa nayo mkobani: waya wa kuchajia simu.

Ugumu wa draiva ya mtandao unajulikana. Draiva ya printa ikikosekana unaipakua. Draiva ya mtandao ikikosekana, huna mtandao wa kuipakulia. Njia zote nitakazozilinganisha hapa ni namna tofauti za kutoka kwenye mzunguko huo, na kila moja inataka malipo yake: mega, saa za umeme, au dola.

Soma namba kwanza

Bonyeza kwa kitufe cha kulia cha panya juu ya alama ya Windows, ufungue orodha ya vifaa. Kwenye mashini zetu nyingi zenye Kifaransa imeandikwa Gestionnaire de périphériques. Tafuta pembetatu ya njano, hasa chini ya Autres périphériques, penye maneno kama Contrôleur réseau au Contrôleur Ethernet. Bofya mara mbili, soma namba ya kosa. Namba hiyo ndiyo inayochagua njia. Mfuko wako unafuata baadaye.

Code 28 maana yake draiva haipo, basi. Kadi imeonekana, inasubiri maelekezo. Hii ndiyo ninayoiona mara nyingi baada ya mtu kuformati, na ndiyo rahisi kuliko zote. Mwenye Code 28 akienda kununua kle, amenunua kiatu kipya kwa sababu kamba ya cha zamani imefunguka.

Code 10 ni kwamba draiva ipo lakini kifaa hakiwaki. Hapa usikimbilie kupakua. Zima mashini kabisa, chomoa chaja, toa betri kama inatoka, kisha shikilia kitufe cha kuwashia kwa nusu dakika hivi na uwashe tena. Inaonekana kama uganga, lakini kuna kadi za Wi-Fi, za Intel zikiwemo, ambazo hukwama na kubaki hivyo kwa sababu umeme mdogo haujawahi kuzitoka hata mashini ikiwa imezimwa. Ikirudi ileile Code 10 baada ya hapo, jaribu draiva ya toleo jingine. Ikirudi tena, anza kufikiria kwamba kadi imechoka.

Code 52 inahusu saini. Windows za biti 64 hazikubali draiva ya ndani ya mfumo isiyo na saini ya kidijitali inayotambulika. Mara nyingi namba hii humpata mtu aliyechukua draiva kwenye tovuti ya ovyo. Ziko njia za kuzima ukaguzi huo wakati wa kuwasha, na vijana wanazipenda. Mimi ninaona ni kama kutoa mlango kwenye bawaba kwa sababu ufunguo umekusumbua. Tafuta draiva yenye saini.

Code 22 ni kwamba mtu amezima kifaa. Kiwashe palepale, bure.

Na kama hakuna pembetatu, hakuna kadi, hakuna chochote? Angalia swichi ndogo ya pembeni kwenye laptopu za zamani, kisha BIOS, yale mipangilio ya mashini yanayofunguka kabla ya Windows, kwani Wi-Fi inaweza kuzimwa huko. Kama na huko imewashwa, basi kadi imelegea au imekufa, na hakuna draiva duniani itakayomfufua asiyekuwepo.

Waya wa simu na flashi

Kwa Code 28, mashindano ya kweli ni kati ya hizi mbili. Zote zinatumia mega chache. Tofauti iko kwenye nani anayefanya kazi ya kutafuta: kwa waya, Windows inatafuta yenyewe; kwa flashi, unatafuta wewe.

Njia ya waya iko hivi. Unachomeka simu ya Android kwenye laptopu, unaingia kwenye mipangilio ya simu, unawasha Partage de connexion via USB. Windows 10 na 11 zina tayari draiva ya kuongea na simu, kwa hiyo simu inaonekana kana kwamba ni kadi ya mtandao. Halafu unafungua Windows Update na kuiambia itafute. Mara nyingi draiva ya Wi-Fi inaingia bila wewe kujua hata jina la kadi yako.

Tena kuna faida ambayo wengi hawaijui: kwenye simu nyingi, ikiwa simu yenyewe imeunganishwa na Wi-Fi ya ofisi au ya chuo, waya unapitisha ile Wi-Fi. Hakuna mega yako hata moja inayoguswa. Simu inakuwa kle ya Wi-Fi, kle uliyokwisha kuinunua siku nyingi.

Ila waya una mitego, na nimeangukia karibu yote.

Kuna waya wa kuchajia tu. Ndani yake nyuzi za data hazimo. Simu inachaji vizuri, mashini haioni kitu, na wewe unalaumu Windows. Badilisha waya kabla ya kubadilisha jambo lolote.

Kuna iPhone. Ili Windows ielewane nayo kwa USB inahitaji draiva ya Apple, ambayo kwa kawaida huja na programu za Apple au kupitia intaneti. Umerudi kwenye mzunguko uleule. Azima Android ya jirani kwa dakika kumi.

Kuna tarehe. Mashini nyingi zilizotumika zina betri ndogo ya saa iliyokufa kwenye ubao mkuu. Umeme ukikatika na betri kubwa ikaisha, mashini inaamka ikidhani ni mwaka mwingine kabisa. Intaneti ya simu inafika, lakini tovuti salama zinakataa kufunguka kwa sababu vyeti vyao havilingani na tarehe hiyo. Rekebisha tarehe, na tatizo linaondoka bila kuaga.

Na kuna mtego wa mega, ambao naupa nafasi zaidi kwa sababu unatuuma sisi hasa. Ukiacha Windows huru kwenye intaneti ya simu, haitachukua draiva peke yake. Inaweza kuanza kuvuta masasisho makubwa na kumaliza mega zako kabla ya saa sita. Mtu mwerevu anaiweka intaneti hiyo kama connexion limitée, yaani yenye mipaka. Vizuri, lakini sasa Windows inaacha pia kupakua draiva! Nimeona watu wakikaa saa nzima wakingoja kitu walichokizuia wao wenyewe. Dawa ni kuiacha ile alama ya intaneti yenye mipaka ibaki imewashwa, kisha kuingia kwenye mipangilio ya vifaa vya Bluetooth na vinginevyo, na kuwasha kile kiswichi kinachoruhusu draiva kupakuliwa hata kwenye intaneti yenye mipaka. Hapo unapata draiva na unayazuia masasisho.

Flashi, kwa upande wake, inataka ujue unachokitafuta. Faida yake ni kwamba inafanya kazi hata pale waya uliposhindwa: Windows Update haina draiva hiyo, Windows ni ya zamani, au simu haielewani na mashini.

Wengi huanza na tovuti ya mtengenezaji wa laptopu, Dell, HP, Lenovo na wengine, kwa namba ya bidhaa iliyo chini ya mashini. Ni mwanzo mzuri, lakini aina moja ya laptopu inaweza kutoka kiwandani na kadi tofauti za Wi-Fi. Unafungua ukurasa, unakuta draiva ya Intel, ya Realtek na ya Qualcomm, zote za laptopu yako. Unapakua tatu, unabahatisha, mbili zinakataa kuingia, na unasema draiva ni mbovu. Si mbovu. Ni za kadi ya mtu mwingine.

Ndiyo maana mimi huanza na kitambulisho. Kwenye kile kifaa chenye pembetatu, fungua Détails na uchague vitambulisho vya maunzi. Utaona mstari unaoanza na PCI\VEN_ na herufi nne. 8086 ni Intel. 10EC ni Realtek. 14E4 ni Broadcom. 168C ni Qualcomm Atheros, na 14C3 ni MediaTek. Baada yake kuna DEV_ na herufi nne nyingine, ambazo ni kadi yenyewe. Piga picha kwa simu. Picha hiyo ina thamani kuliko jina lolote lililobandikwa kwenye kifuniko cha laptopu.

Ukiwa nayo, nenda kwa simu au kwa kompyuta ya rafiki kwenye katalogi ya masasisho ya Microsoft, catalog.update.microsoft.com, uandike VEN na DEV kama zilivyo. Utapata faili yenye mwisho wa cab. Ukilinganisha na ukurasa wa mtengenezaji, katalogi ni kavu, haina maelezo, haina kitufe cha kusakinisha. Lakini draiva zake zina saini, na haikuuzii kitu. Kwa Intel naweza kwenda moja kwa moja kwenye tovuti ya Intel, kwa sababu inatoa draiva zake za Wi-Fi kwa wote. Kwa kadi nyingine naamini zaidi katalogi na mtengenezaji wa laptopu.

Faili ya cab haifunguki kwa kubofya tu kama programu. Tengeneza folda, tuseme C:\draiva, fungua dirisha la amri kama msimamizi, uandike:

expand -F:* faili.cab C:\draiva

kisha:

pnputil /add-driver C:\draiva\*.inf /subdirs /install

Mahali pa faili.cab weka jina la faili yako na njia yake kamili. Kama unatafuta ule mkwaju wa kurudi nyuma (\) kwenye kibodi ya AZERTY ya Ufaransa, ni AltGr pamoja na 8. Laptopu iliyotoka Ubelgiji ina AZERTY yake: AltGr pamoja na kitufe cha <. Nimepoteza mchana mzima wa mteja kwa ajili ya mkwaju huo, na sikumtoza.

Kabla ya kupakua lolote, hakikisha pia biti. Mafundi wengine huweka Windows ya biti 32 kwenye mashini yenye kumbukumbu ndogo, na draiva ya biti 64 haiwezi kuingia humo hata ukiisihi. Draiva mpya nyingi hazitolewi tena kwa biti 32.

Uamuzi wangu kati ya hizi mbili: una Windows 10 au 11 na Android karibu, anza na waya. Ukiona robo saa imepita na Windows Update inasema kila kitu kiko sawa huku pembetatu bado ipo, acha kungoja, nenda kwa flashi na kitambulisho.

Yale mapakiti makubwa ya draiva

Haya ni mkusanyo wa draiva za kila kadi unayoweza kuifikiria, ndani ya diski moja. Kwa fundi ni chombo kizuri. Mimi ninayo Snappy Driver Installer Origin, ambayo ni huru na haina matangazo. Ukiichukua yote inakula makumi ya gigabaiti, lakini ina chaguo la kuchukua draiva za mtandao tu. Kwa mtu mwenye laptopu moja nyumbani Bagira, kupakua mkusanyo mzima ni kununua shamba ili ule hindi moja. Tena baadhi ya programu za namna hii huingia na kivinjari, na kinga ya virusi usiyoiomba, na vitufe vinavyong'aa. Ukiona hivyo, funga.

Kle ya Wi-Fi

Ninaiheshimu kle ya Wi-Fi, lakini kwa kazi yake. Kazi yake ni kuchukua nafasi ya kadi iliyokufa. Code 10 isiyosikia dawa, kadi isiyoonekana kabisa, antena iliyokatika bawabani: hapo nunua, ni rahisi kuliko kumfungulia fundi laptopu. Nayo inakuepusha na mtego wa baadhi ya laptopu za zamani za kazini, za HP na za Lenovo, ambazo BIOS yake ina orodha ya kadi inazozikubali. Ukiweka ndani kadi nzima isiyo kwenye orodha, mashini inagoma kuwaka. Kle ya USB haipiti kwenye mlango huo.

Lakini kumnunulia kle mtu mwenye Code 28 ni kichekesho, kwa sababu kle nayo inataka draiva. Nyingi za bei ndogo huja na kisahani cha CD, na laptopu haina pa kukiingiza. Yangu ya kwanza nilirudi nayo kutoka sokoni Kadutu nikiwa na furaha, nikaichomeka, nikapata pembetatu ya njano ya pili. Nikawa na kadi mbili zisizofanya kazi badala ya moja. Muulize muuzaji kama inajitambulisha yenyewe kwenye Windows 10, na uijaribu palepale dukani kwenye mashini isiyo na intaneti. Akikataa, ondoka.

Adapta ya USB kwenda kwenye waya wa mtandao ni mnyama mwingine. Zile zenye chipu ya Realtek RTL8153 hutambuliwa na Windows 10 na 11 na hata Linux bila kuongeza kitu. Kwa ofisi yenye ruta mezani ningeichagua hiyo kuliko kle yoyote. Nyumbani, ambako intaneti yote inatoka kwenye simu, utaichomeka wapi?

Kuformati tena

Sina mengi. Flashi ileile ya Windows iliyokosa draiva Jumamosi itaikosa Jumapili. Umelipa saa mbili za umeme, umehatarisha faili zako, umerudi kwenye Code 28. Ukitaka Windows nyingine, ni gigabaiti kadhaa za kupakua ili kutatua jambo la megabaiti chache au makumi machache.

Kuformati kuna maana pale tu unapobadilisha toleo. Bado ninaletewa Windows 7, ambayo Microsoft iliacha kuihudumia tarehe 14 Januari 2020. Draiva nyingi za baadaye zimesainiwa kwa njia mpya zaidi iitwayo SHA-2, na Windows 7 isiyo na sasisho KB4474419 haiwezi kuusoma muhuri huo. Unaweza kulileta sasisho hilo kwa flashi, nami nimefanya hivyo mara nyingi kwa wazee waliozoea. Kwa kijana ningependekeza kuhama. Windows 10 nayo ilifika mwisho wa huduma ya kawaida tarehe 14 Oktoba 2025, lakini draiva zake bado ni rahisi kupatikana.

Linux kama kipimo

Hata kama huipendi, weka Linux Mint au Ubuntu kwenye flashi na uwashe mashini kutoka hapo bila kuisakinisha. Wi-Fi ikionekana humo, kadi yako ni nzima na tatizo ni la Windows. Isipoonekana popote, shaka inaelekea kwenye kadi. Kadi nyingi za Intel na Atheros huwaka zenyewe. Broadcom ndiyo inayodanganya kipimo hiki: baadhi ya kadi zake zinahitaji firmuea (programu ya ndani ya kadi) au draiva ya pembeni hata kwenye Linux, kwa hiyo ukiwa umeona 14E4 usimzike mgonjwa mapema. Kipimo hiki kinashinda maneno ya fundi yeyote anayesema "kadi imeungua" kabla hajafungua skrubu moja, na mimi ni mmoja wa mafundi hao ninapokuwa na njaa.

Yule binti

Mashini yake ilisema Code 28, na kitambulisho kilianza na VEN_10EC. Simu yake ilikuwa Android, lakini waya ulikuwa wa kuchajia tu, nikampa wangu. Intaneti ilifika, Gmail ikakataa. Tarehe ya mashini ilikuwa imerudi nyuma miaka kadhaa. Tukairekebisha, tukawasha ile ruhusa ya draiva, tukabofya tafuta, na tulipomaliza chai orodha ya Wi-Fi za mtaa mzima ilikuwa imejaa kwenye kioo. Nilimtoza bei ya kurasa alizochapisha.

Kabla hajafunga mashini nilimwambia atengeneze folda kwenye flashi yake, tukaandika amri moja ya mwisho:

pnputil /export-driver * E:\draiva

Draiva zote zilizoongezwa kwenye mashini zikanakiliwa humo, ya Wi-Fi ikiwa mojawapo. Binamu akitaka tena kuformati Jumamosi nyingine, aombwe kwanza ile flashi.